Filippo Brunelleschi, Mjenzi wa Kuba la Firenze

Katika nchi ya Italia uko mji uitwao Firenze. Msafiri anayeukaribia mji huo, hata akiwa bado mbali juu ya vilima, huona kwanza paa moja kubwa jekundu. Paa hilo limeinuka juu ya nyumba zote, kama kuku aliyefunika vifaranga vyake. Ni paa la kanisa kuu la askofu, nalo limejengwa kwa umbo la bakuli lililogeuzwa chini juu. Paa la namna hiyo huitwa kuba. Fundi aliyelijenga aliitwa Filippo Brunelleschi.

Filippo alizaliwa Firenze mwaka 1377. Baba yake alikuwa mwandishi wa hati na mikataba, mtu wa heshima katika mji, naye alitaka mwanawe ashike kazi ileile. Kwa hiyo Filippo alifundishwa kusoma, kuandika na kuhesabu. Lakini mtoto huyo alipenda zaidi kuchora, na kufungua vitu ili aone jinsi vinavyofanya kazi ndani. Baba alikuwa mtu wa akili. Hakumlazimisha, bali alimpeleka kwa wafua dhahabu ili ajifunze kazi yao. Huko Filippo alijifunza kuyeyusha madini, kuchonga, na kutengeneza saa zenye magurudumu ya meno. Ujuzi huo wa magurudumu ulikuja kumsaidia sana baadaye. Mwaka 1398 alipokelewa katika chama cha wafanyao hariri, kwa maana wafua dhahabu wa Firenze walikuwa ndani ya chama hicho.

Mwaka 1401 wakuu wa chama cha wafanya biashara ya nguo walitangaza mashindano. Walitaka milango mipya ya shaba iliyochanganywa na bati, kwa ajili ya nyumba ya ubatizo inayosimama mbele ya kanisa kuu. Kila fundi alipewa madini na muda wa mwaka mmoja, atengeneze sanamu ya Abrahamu akitaka kumtoa Isaka sadaka. Mafundi 7 walishindana. Mwishoni walibaki wawili: Filippo, na kijana mwenzake Lorenzo Ghiberti. Sanamu zote mbili zipo hata leo katika nyumba moja ya makumbusho huko Firenze, na kila mtu anaweza kuzilinganisha. Ile ya Filippo ina nguvu: malaika anaushika mkono wa Abrahamu kisu kikiwa karibu kabisa na shingo ya mtoto. Ile ya Ghiberti ni tulivu, tena nzuri sana. Isitoshe, Ghiberti alitumia madini pungufu kwa kilo 7, na wafanya biashara hawakosi kuona jambo kama hilo. Ghiberti akapewa kazi. Husimuliwa kwamba waamuzi walitaka wafanye kazi pamoja, lakini Filippo alikataa. Ghiberti alikaa na milango ile zaidi ya miaka 20, na sifa yake ikaenea kila mahali.

Filippo aliumia moyoni, lakini hakukaa bure. Aliondoka akaenda Roma pamoja na rafiki yake Donatello, aliyekuwa mchonga sanamu. Siku zile Roma haikuwa mji mkubwa tena. Majengo ya wafalme wa kale yalikuwa yameanguka, na mbuzi walilisha kati ya nguzo. Rafiki hao wawili walipima kuta, wakafukua misingi, wakaandika urefu na unene wa kila kitu. Watu wa Roma walipowaona wakichimba mchana kutwa walidhani wanatafuta hazina ya fedha. Kumbe walikuwa wanatafuta akili ya wazee.

Ili kufahamu walichokiona, inafaa kujua jinsi watu wa kale walivyojenga. Wagiriki walisimamisha nguzo, wakalaza jiwe refu juu ya nguzo mbili. Ni ujenzi mzuri, lakini jiwe lililolazwa huvunjika upesi likiwa refu mno. Kwa hiyo nguzo zao zilikaribiana sana. Waroma walitumia tao. Katika tao mawe hupangwa kwa upinde, kila jiwe likimwegemea mwenzake, kama watu wawili wanaosukumana bega kwa bega: hakuna anayeanguka maadamu wote wanasukuma. Kwa matao Waroma walijenga madaraja, mifereji ya maji na nyumba kubwa mno. Tena walijua kutengeneza zege la chokaa, majivu ya mlima wa moto na mawe. Kwa zege hilo, karibu na mwaka 125, katika siku za mfalme Hadriano, walijenga hekalu liitwalo Panteoni. Kuba lake lina upana wa zaidi ya metri 43, na katikati kuna tundu wazi linaloingiza mwanga wa jua. Hekalu hilo la miungu ya uongo lilifanywa kanisa la Bikira Maria na Mashahidi mwaka 609. Ndiyo maana halikubomolewa, na hata leo Misa husomwa ndani yake.

Ufalme wa Roma ulipoanguka, ujuzi mwingi ulipotea. Watu waliendelea kujenga makanisa kwa matao ya mviringo, lakini kuta zilikuwa nene sana, madirisha madogo, na ndani giza. Kisha katika miaka ya 1100 mafundi wa Ufaransa walipata namna mpya. Padri mkuu wa watawa wa Saint-Denis, jina lake Suger, alijenga upya kanisa lake karibu na Paris. Sehemu ya altare ilikamilika mwaka 1144. Hapo matao yalichongoka juu kama viganja viwili vya mtu anayesali, na uzito wa dari ulishuka juu ya nguzo nyembamba. Makanisa yaliyofuata yalitiwa mihimili ya mawe upande wa nje ili kuzitegemeza kuta. Kwa hiyo ukuta uliweza kufunguliwa, ukatiwa madirisha makubwa ya vioo vya rangi. Ujenzi huo ulienea Ulaya nzima.

Lakini watu wa Firenze hawakupenda ile mihimili ya nje. Machoni pao ilikuwa kama magongo ya mtu mlemavu. Walipoanza kujenga kanisa lao kuu mwaka 1296, kisha walipoamua kwa neno la mwisho umbo la kuba mwaka 1367, walisema lisiwe na mihimili hata mmoja. Wakataka tena liwe pana kuliko makuba yote waliyoyajua. Kuamua ni rahisi. Mashimo yakachimbwa, kuta zikapanda, miaka ikapita, na walioamua wakafa wote. Wajukuu wao walirithi kanisa lenye tundu la pembe nane juu ya altare, upana wake karibu metri 45, tena tundu lenyewe liko juu zaidi ya metri 50 kutoka chini. Mvua iliingia. Na hakuna mtu aliyejua namna ya kulifunika.

Shida ilikuwa hii. Fundi akijenga tao hutengeneza kwanza kiunzi cha miti, hupanga matofali juu yake, na chokaa ikikauka hukiondoa kiunzi. Lakini kiunzi cha kujaza tundu kubwa namna ile kingetaka msitu mzima wa miti mirefu, na miti yenyewe ingevunjika kwa uzito. Shida ya pili: kuba husukuma kuta nje, kama tumbo la gunia lililojaa mahindi. Bila mihimili ya nje, kuta zingepasuka.

Basi mwezi wa nane mwaka 1418 wakuu wa kanisa walitangaza mashindano, na zawadi ya florini 200 za dhahabu kwa mtu atakayeonyesha njia. Mafundi wengi walikuja. Husimuliwa kwamba mmoja alishauri kanisa lijazwe udongo uliochanganywa na fedha, kuba lijengwe juu ya kilima hicho, kisha watu maskini waitwe kuuchukua udongo ili wapate zile fedha. Filippo akasema yeye atajenga bila kiunzi chochote. Wakuu walidhani ana wazimu. Walipomwuliza atafanyaje, hakutaka kueleza, kwa maana aliogopa kuibiwa shauri lake. Alipobisha mno waliwaambia watumishi wamtoe nje, na watumishi wakamchukua mzobemzobe. Watu wa mji husimulia pia habari ya yai. Filippo aliwaomba mafundi wenzake wasimamishe yai juu ya meza ya mawe. Wote walishindwa. Yeye akaligonga kidogo upande mmoja, likasimama. Wenzake walilalamika kwamba hata wao wangaliweza kufanya hivyo. Filippo akawajibu kwamba hata kuba wangaliweza kulijenga, kama wangaliona kwanza mfano wake.

Mwishowe alijenga mfano mkubwa wa matofali, bila kiunzi ndani, na mfano ukasimama imara. Mwaka 1420 akapewa kazi. Lakini wakuu hawakumwamini kabisa. Wakamwekea mwenzake, mwenye cheo sawa na mshahara sawa, florini 3 kwa mwezi. Mwenzake huyo alikuwa nani? Lorenzo Ghiberti.

Kazi ilianza mwezi wa nane mwaka 1420. Filippo hakujenga kuba moja, ila mawili, moja ndani ya jingine. La ndani ni nene, lenye nguvu. La nje ni jembamba, nalo hulikinga la ndani na mvua. Kati ya hayo mawili kuna nafasi yenye ngazi, na mtu hupita humo hata leo. Makuba hayo yameunganishwa kwa mbavu kubwa 8 kwenye pembe, na mbavu nyingine 16 zilizofichwa katikati. Ili kuta zisisukumwe nje, alizungushia kuba minyororo ya mawe marefu yaliyofungwa kwa vyuma, na mnyororo mmoja wa miti, kama pipa lilivyofungwa kwa pete zake.

Na matofali je? Matofali ya kawaida, yakilazwa juu ya ukuta unaoinama ndani, huteleza kabla chokaa haijakauka. Filippo alipata dawa. Baada ya matofali machache ya kulala aliweka tofali moja la kusimama, na safu iliyofuata alilisogeza kidogo pembeni. Hivyo matofali yaliyosimama yakapanda kuzunguka kuba, yakiwabana wenzao, kama ukindu unavyopishana katika mkeka. Kila mduara ukikamilika, ulijishikilia wenyewe. Juu yake ulianzishwa mwingine. Mwalimu akitaka kuwaonyesha wanafunzi, achukue mkeka, awaambie waufuate ukindu mmoja kwa kidole kutoka chini hadi juu.

Tena yalihitajika matofali milioni 4 hivi, pamoja na mawe makubwa mno, na yote yapande juu. Mashine za kale hazikutosha. Hapo fundi wa saa akakumbuka magurudumu yake. Alitengeneza mashine kubwa yenye meno, iliyozungushwa na ng'ombe. Jambo la ajabu ni kwamba, ng'ombe wakizunguka upande uleule, mashine iliweza kupandisha mzigo au kuushusha, kwa kusogeza gurudumu moja tu. Hakuna haja ya kuwafungua ng'ombe na kuwageuza. Watu walikuja kutazama mashine hiyo kuliko kanisa lenyewe.

Ghiberti alikuja kazini, alitazama, akapokea mshahara. Husimuliwa kwamba siku moja Filippo alijilaza kitandani, kichwa kimefungwa kitambaa, akasema anaumwa. Mafundi walipomwendea kuuliza kazi ifanywe namna gani, aliwatuma kwa Ghiberti. Ghiberti hakujua la kuwaambia. Kazi ikasimama, na mji mzima ukatambua ni nani anayejenga kuba. Tangu mwaka 1426 mshahara wa Filippo ulikuwa florini 100 kwa mwaka, na ule wa Ghiberti ukabaki 36. Ujanja huo haukuwa wa haki sana kwa Ghiberti, ambaye alikuwa fundi mkubwa katika kazi yake mwenyewe. Lakini Filippo alikuwa amengoja miaka 20 na zaidi.

Filippo alikuwa mtu mfupi, mwenye hasira za upesi, tena hakupenda kushauriwa. Si kila alichojaribu kilifaulu. Alitengeneza mashua kubwa ya kuleta marmari kwa njia ya mto Arno, na serikali ya Firenze ikampa mwaka 1421 haki ya peke yake juu ya mashua hiyo kwa miaka mitatu. Mwaka 1428 mashua ilizama pamoja na tani 100 za marmari nyeupe, naye akapoteza fedha zake nyingi. Mwaka 1430, katika vita, alitaka kuugeuza mto ili maji yauzingire mji wa Lucca. Maji yakarudi, yakaifunika kambi ya watu wa Firenze wenyewe. Hata hivyo kuba liliendelea kupanda.

Katika miaka hiyohiyo alijenga pia nyumba ya watoto waliotupwa na wazazi wao. Chama chake cha hariri ndicho kilichotoa fedha. Kazi hiyo ilianza mwaka 1419. Mbele ya nyumba aliweka baraza ndefu yenye nguzo nyembamba na matao ya mviringo, yote kwa kipimo kimoja, kama alivyojifunza kwa Waroma. Hapakuwa na matao ya kuchongoka tena. Mafundi wengine waliona, wakaiga, na kidogo kidogo ujenzi wa Italia nzima ukabadilika, na baadaye ujenzi wa nchi nyingine pia. Mtoto wa kwanza alipokelewa humo tarehe 5 mwezi wa pili mwaka 1445, sikukuu ya Mtakatifu Agata. Alikuwa mtoto wa kike, nao wakampa jina Agata.

Filippo mwenyewe hakuoa. Alikuwa amemchukua mtoto mmoja, jina lake Andrea, akamlea na kumfundisha kazi. Mwaka 1434 kijana huyo aliiba fedha na vito vya baba yake, akakimbilia Napoli. Mwaka huohuo chama cha waashi kilimshtaki Filippo kwamba hajalipa ada yao. Akatiwa gerezani, yeye aliyekuwa akijenga jengo kubwa kuliko yote katika nchi zile, na kazi ilikuwa karibu kwisha. Wakuu wa kanisa walikasirika sana, na baada ya siku 11 akafunguliwa. Andrea pia alirudi, kwa maana Baba Mtakatifu alisaidia kumrudisha. Filippo akamsamehe, akamfanya mrithi wake.

Tarehe 25 mwezi wa tatu mwaka 1436, sikukuu ya Kupashwa Habari Bikira Maria, ambayo huko Firenze ilikuwa pia siku ya mwaka mpya, Papa Eugenio IV aliliweka wakfu kanisa. Kanisa hilo huitwa Santa Maria del Fiore, maana yake Maria Mtakatifu wa Ua. Njia ya mbao, iliyoinuliwa juu ya vichwa vya watu na kupambwa kwa maua, ilijengwa ili Papa na makardinali wapite. Waimbaji waliimba wimbo mpya wa Guillaume Dufay, aliyelelewa katika shule ya waimbaji ya kanisa kuu la Cambrai. Mwezi wa nane mwaka uleule kuba lenyewe likabarikiwa. Ilikuwa miaka 16 tangu tofali la kwanza.

Juu kabisa palibaki tundu la pembe nane. Filippo alitaka kuweka hapo mnara mdogo wa marmari, mzito, ili uzibane mbavu zote 8 kama kifungo. Wengine walisema uzito huo utalivunja kuba. Mashindano yakafanywa tena, na Ghiberti akaingia tena. Safari hii Filippo alishinda. Lakini mawe yalichukua muda mrefu kufika, na kazi ya mnara ilikuwa imeanza tu alipougua. Alifariki tarehe 15 mwezi wa nne mwaka 1446, mwenye miaka 69 hivi. Wenzake walimaliza mnara kwa kufuata mfano alioacha. Mwaka 1471 mpira mkubwa wa shaba iliyopakwa dhahabu, kazi ya fundi Verrocchio, uliwekwa kileleni. Katika karakana ya Verrocchio alikuwamo kijana mmoja jina lake Leonardo da Vinci, naye alichora katika daftari zake mashine za kuinulia mizigo alizozibuni Filippo.

Wakuu walikubali Filippo azikwe ndani ya kanisa kuu, heshima waliyopewa watu wachache sana. Andrea, yule kijana aliyeiba, ndiye aliyechonga sanamu ya uso wake inayoonekana ukutani. Kaburi lenyewe lilisahauliwa kwa miaka mingi. Mwaka 1972 watu waliokuwa wakifukua chini ya sakafu walilikuta, karibu na ngazi ambayo wageni hushuka. Limefunikwa kwa jiwe la kawaida lisilo na mapambo, lenye jina lake.